Fimbo ya Vipande Vitatu

Fimbo ya askofu hufunguka vipande vitatu.
Hukaa ndani ya mkoba mweusi
uliowahi kubeba tarumbeta,
na kila Jumapili ya tatu ya mwezi
mbebaji ni mimi,
Trufosa Amukowa, kasisi,
hadi mlangoni. Si zaidi.

Parokia tano zilisimama kwenye sinodi
zikasema: Kitabu cha zamani, basi.
Kinanda cha umeme, hapana.
Mwanamke kwenye meza ya Bwana, hapana.
Zikatafutiwa askofu wa kuzitunza,
akapatikana huyu, Zablon Okwemba,
ambaye mikono yake ndiyo iliyonitwika uzito ule kichwani
siku mvua ilipoyapiga mabati kule Maseno
hata jina langu lisisikike.

Tumepita Luanda, vitunguu na mitumba,
tunapanda kati ya majabali ya Bunyore
yaliyopandana kama vyungu.
Askofu anafanya mazoezi.
“Ghofira,” anasema. “Utughofirie.”
Ulimi wake ulishazoea *utusamehe*;
sasa anaurudisha nyuma
kama ng’ombe aliyelipita zizi lake.

Namuuliza, kama ninavyomuuliza kila mwezi:
Kwa nini wewe?
Anatazama migomba.
“Nikiwaacha watampata mwingine,
wa kuwaambia kuwa mbinguni wataingia wao tu.
Mimi angalau nitawaambia kuna foleni.”
Nacheka, wala sikutaka kucheka.
Na mimi, Baba, nani ananitunza?
Ananiomba maji.
Chupa iko mlangoni, upande wake.

Ebusakami. Kanisa la Mtakatifu Alfayo.
Naikaza fimbo, kipande kwa kipande;
kiungo cha pili kimelegea,
nimekizungushia gazeti kisicheze.
Kijana wa darasa la sita anaipokea,
anaishika kama jembe.
Nami navuta leso juu ya kola,
nakaa upande wa wanawake,
nimebanwa na shangazi Resipa na mtoto wa mtu.

Na hapa ndipo hasira yangu huniponyoka,
maana wanaimba vizuri.
Bila kinanda, bila ngoma, sauti nne,
besi ikitoka chini ya saruji,
na maneno yale mazito niliyoyajua
kabla sijajua kusoma
yananiita kwa jina la utotoni.
Ningependa wawe wajinga.
Ingekuwa rahisi.

Vijana ishirini na wanane wanapata kipaimara.
Kisha meza. Napiga magoti kwenye mkeka.
Askofu anafika kwangu na mkate.
Mkono hausiti.
Ananipa kama alivyompa shangazi,
na siwezi kusema mpaka leo
kama ile ilikuwa heshima
au ilikuwa woga.

Baadaye ugali, sagaa, kuku.
Askofu anapewa firigisi.
Anaila yote, kwa sababu wanamtazama.

Katekista Hesbon Ambuso ananijia na daftari.
Macho yake yana ukungu,
kalamu yake ni ya wino wa chupa.
“Wewe una mwandiko. Andika majina.”
Naandika: Nashon, Perusi, Eglai,
hadi wa ishirini na nane,
hadi mstari wa chini: *Shahidi*.
Naweka sahihi. Na mkono, kwa mazoea,
bila kuniuliza,
unaongeza neno moja: *Kasisi*.

Analisogeza daftari karibu na pua.
Anasoma. Anasoma tena.
Nje, mtu anamwaga maji ya vyombo.
“Wino huu,” anasema, “haukauki haraka.”

Halifungi.
Analiacha wazi dirishani,
jiwe dogo juu ya kila ukurasa,
anarudi kukusanya viti.